Babu alisema mto unalala

Karatasi ile bado ninayo. Ni karatasi ya daftari la hesabu, lile la vyumba vidogo vidogo, niliyoipiga mistari kwa rula nikiwa na miaka 26 na shahada ya uhasibu ambayo nilikuwa naona dunia nzima inapaswa kuifahamu. Juu nimeandika kwa herufi kubwa MPANGO WA SHAMBA. Chini, kona ya kulia, nimeizungushia duara namba 128. Hiyo ni faida ya mwaka, kwa magunia. Nilihesabu kwa magunia ya mahindi kwa sababu Babu hakutaka kutajiwa pesa. Pesa leo hivi kesho vile, alisema, lakini gunia ni gunia.

Watu wakisikia tulipoteza shamba hudhani kuna mjomba mlevi mahali fulani, au benki ilitudhulumu, au kuna tajiri aliyehonga. Huwa nawaacha wadhani hivyo. Ukweli ni kwamba shamba lilipotea kwa karatasi hii, kwa mwandiko wangu mzuri. Sijawahi kuiandika habari hii. Naiandika sasa kwa sababu mdogo wangu alinipigia simu Jumapili iliyopita kuhusu pampu, tukacheka mpaka nikalazimika kukaa chini, na baada ya kukata simu sikujua kama nilikuwa bado nacheka.

Shamba lilikuwa na sura ya shoka. Mpini ulikuwa ekari 4, ukanda mwembamba uliofuata barabara. Chini yake likatanuka ekari 10 mpaka mtoni, na hizo ndizo zilikuwa bapa la shoka. Jumla ekari 14, hati moja, jina moja: la Babu. Yeye ndiye aliyelifyeka likiwa pori, na kila kisiki alichong'oa alikuwa anakijua. Ukitembea naye alikuonyesha mahali ambapo hakuna kitu, akasema hapa palinichukua siku tatu.

Chini ya Babu alikuwepo Baba. Nikieleza habari hii kwa watu wa mjini huwa wanamruka Baba, wanaiona kama ugomvi wa mzee na kijana. Lakini mtu wa kumwangalia ni Baba. Alikuwa na miaka 54, mvi kichwani, watoto wakubwa, na akitaka kukata mti aliomba ruhusa kwa baba yake. Alilima ardhi ile maisha yake yote bila kuwa na hata hatua moja ya kusema hii yangu. Mavuno yakiingia, Babu ndiye aliyesema yauzwe lini na kwa nani. Baba alisema "ndiyo, mzee" kwa sauti ambayo mimi kama binti yake niliichukia tangu nikiwa mdogo.

Halafu mimi, mjini na ofisini. Halafu mdogo wangu, miaka 22, aliyebaki nyumbani. Sikuzote tulisema "amebaki", kama kitu kilichosahauliwa kwenye gari.

Mpango wangu ulikuwa wa kumwagilia. Tulikuwa tunalima kwa mvua tu, na msimu wa pili ulikuwa bahati nasibu. Mto unapita pale chini, kwa nini tusivute maji? Pampu ya dizeli, mabomba, tangi kwenye mwinuko, mifereji ya kushuka. Nikapima mto mwenyewe kwa njia niliyoisoma: unatafuta mahali mto umenyooka, unapima mita 10 ukingoni, unaachia kijiti juu ya maji na kuhesabu sekunde, kisha unazidisha kasi hiyo kwa upana na kina, na kupunguza kidogo kwa sababu maji ya juu huenda mbio kuliko ya chini. Nilirudia mara tano nikachukua wastani. Kazi safi kabisa. Babu alikuwa amekaa juu ya jiwe ananitazama nikikimbizana na vijiti.

"Mke wangu," akaniita, maana hivyo ndivyo ananiita tangu nizaliwe, "unatafuta nini?"

"Napima maji, Babu. Nijue yanatosha."

"Huo mto unalala."

"Unalala vipi?"

"Unalala. Kama mtu."

Nikacheka. Kwenye daftari langu siku ile kuna sekunde, mita, wastani, tarehe. Hakuna neno kulala. Nilipima wiki mbili baada ya mvua kubwa.

Hesabu yenyewe ilikuwa hivi. Msimu wa kwanza, ekari 14 kwa gunia 20 kila moja: 280. Msimu wa pili kwa maji ya pampu, nikajifanya mwangalifu, gunia 15 kwa ekari: 210. Jumla 490. Toa 150 za mbegu, mbolea, dizeli, vibarua na chakula cha nyumbani, zinabaki 340. Mkopo wenyewe ulikuwa sawa na gunia 600, riba asilimia 18 kwa mwaka kwenye salio, miezi 48. Marejesho yakatoka gunia 17 na nusu hivi kila mwezi, 212 kwa mwaka. Toa hizo kwenye 340. Mia moja ishirini na nane. Duara.

Kila namba pale nilikuwa na sababu yake. Gunia 20 kwa ekari tuliwahi kuzipata kweli, mwaka mmoja. Bei niliyotumia ilikuwa bei ya kweli ya soko, ya mwezi ambao ghala za watu wengi zimekwisha. Nilichukua mwaka bora, mwezi bora na wiki bora ya mto, nikavipanga pamoja na kuviita makisio. Nimekagua vitabu vya watu wengi tangu siku hiyo na sijakutana na uongo uliopangwa vizuri kama ule, wala haukuwa na neno moja la uongo ndani yake.

Babu alikataa. Akakataa tena mwezi uliofuata. Kilichomgeuza hakikuwa hesabu zangu. Tulikuwa tumemaliza kula jioni, mimi nikiwa nimeanza kueleza upya habari ya tangi, Baba akanikatiza. Hakunitazama mimi.

"Baba," akasema, "mimi nina miaka hamsini na nne. Nitalima lini kitu changu?"

Hakuongeza kitu. Bibi aliacha kuosha vyombo. Babu alikaa kimya muda mrefu, kisha akaingia ndani, tukamsikia anavuta sanduku chini ya kitanda. Alirudi na hati. Ilikuwa ndani ya mfuko wa nailoni, ndani ya kipande cha shuka, ndani ya mfuko mwingine wa nailoni, na ilinuka vidonge vya kuzuia nondo. Hakumpa Baba. Aliiweka mezani katikati yetu, akaenda kulala bila kuaga.

Benki siitaji, na sina sababu ya kuitaja. Afisa mikopo alikuwa kijana mpole kuliko mimi, alieleza kila kipengele, akarudia. Wakili aliyeandaa rehani alituuliza swali moja ambalo hata leo nikikosa usingizi huwa nalisikia. Alisema: kwa nini msiigawe hati kwanza, mkatoa mbili, mkaweka rehani ekari za chini peke yake? Maana hati ikiwa moja, mkishindwa inakwenda yote.

Babu akasema hapana. Alikuwa na watoto watano. Alisema siku kisu kikigusa hati hiyo kitaendelea kukata: 14 kwa watano ni ekari mbili na kitu, na kila mmoja ana watoto wanne, hiyo ni nusu ekari na ushee, na mtu hawezi kugeuza hata ng'ombe wa kulimia kwenye nusu ekari. Hiyo hesabu aliifanya kichwani, na ilikuwa sahihi kuliko yangu. (Baadaye nilisoma kwamba Wafaransa wamebishana jambo hilohilo tangu sheria yao ya 1804, ile ya Napoleon, iliposema watoto warithi kwa usawa na mashamba yakaanza kukatika vipande, na kwamba Waingereza walichagua njia nyingine, ardhi yote kwa mwana wa kwanza wa kiume, na mtu akifa bila wosia ilikuwa hivyo mpaka 1925. Babu hajawahi kumsikia Napoleon, lakini nadhani wangeongea.)

Nami nikasema hapana. Kugawa hati kungechukua miezi, na dhamana ikiwa ndogo mkopo ungekuwa mdogo na pampu ingekuwa ndogo. Basi tukakubaliana, mimi na Babu, kwa mara ya kwanza katika shauri zima, kila mtu kwa sababu yake, juu ya jambo baya kuliko yote. Wakili akainua mabega akaendelea kupiga mihuri. Bibi aliridhia kama mke kwa dole gumba. Baada ya hapo alijifuta wino kwenye pindo la nguo yake, na doa lile halikutoka. Nguo hiyo anayo.

Sasa nataka niseme kitu kuhusu marejesho. Nimeshawasikia wengi wakilia juu ya riba, na riba ni mzigo, sibishi. Lakini kilichotukaba koo haikuwa asilimia 18. Ilikuwa tarehe 5.

Marejesho ya kwanza yalikuwa tarehe 5 ya mwezi uliofuata. Mahindi yalikuwa hayajapandwa. Mahindi yana miezi yake minne, mitano mpaka yakauke, na katika miezi hiyo shamba halitoi kitu, linakula: mbolea ya kupandia, palizi ya kwanza, palizi ya pili, dawa ya viwavi. Mwenye mshahara anajua tarehe 5 inakuja baada ya tarehe 30, na mfuko wake umejaa kidogo. Mkulima anapata pesa mara moja, mara mbili kwa mwaka. Nilikuwa nimegawanya 212 kwa 12 kana kwamba shamba letu linalipwa mwisho wa mwezi kama mimi. Miezi mitano ya kwanza nililipa kwa mshahara wangu na kwa mikopo midogo ya wenzangu wa ofisini. Sikumwambia mtu nyumbani. Nilitaka mpango uonekane unakwenda.

Mavuno ya kwanza yalikuja, gunia 11 kwa ekari, 154. Mwaka wa kawaida kabisa. Na kila mtu alikuwa anavuna, kwa hiyo bei ilishuka mpaka theluthi mbili ya ile niliyoiweka kwenye karatasi. Mwenye nafasi angeweka ghalani akangoja. Sisi tulikuwa na tarehe 5. Yale marejesho ya gunia 17 na nusu yakawa gunia 26 kila mwezi, bila riba kupanda hata punje. Zidisha kwa 12 uone. Mimi nilizidisha nikiwa ndani ya basi, nikashuka kituo kisicho changu.

Tukawa na imani na msimu wa pili. Pampu ilifanya kazi vizuri sana wiki za mwanzo. Mdogo wangu aliipenda, aliipangusa kwa tambara kila jioni kama pikipiki. Alinitumia video ya maji yakiingia kwenye tangi kwa mara ya kwanza, na pembeni unamwona Baba amesimama na mikono kiunoni, amevaa shati la kutokea. Shati la kutokea, shambani. Video hiyo nimeifuta mara mbili na mara mbili nimemwomba anitumie tena.

Halafu asubuhi moja simu. "Dada, pampu inavuta mchanga."

Nilifika Jumamosi. Mdomo wa bomba ulikuwa umelala kwenye kidimbwi kisichozidi beseni, unakoroma. Ukivuta unapata matope, unapumzika, unapata matope. Mdogo wangu alikuwa amechimba shimo kuzunguka mdomo ule kwa mikono ili maji yajikusanye, kucha zote nyeusi. Mahindi yalikuwa yanafika kiunoni na yamejikunja majani kama yanaficha kitu, na ule ndio wakati mhindi hausamehe, unapokaribia kutoa mbelewele. Ukikosa maji wiki mbili pale, gunzi linakuja na meno yenye mapengo. Babu alikuwa amekaa kwenye jiwe lake lilelile. Sikumsalimia. Sikuweza. Yeye ndiye aliyenisalimia, na hakusema neno juu ya mto, wala siku ile wala nyingine. Ningependa angesema.

Msimu ule tulivuna gunia 37, zote kutoka mistari ya karibu na maji.

Miaka miwili iliyofuata nitaipita haraka kwa sababu wote wenye madeni wanaijua. Benki ilipanga upya marejesho mara moja, ikaongeza muda, riba ya kuchelewa ikajiunga na msafara. Tukauza ng'ombe. Barua zilikuwa za adabu, kila moja fupi kuliko iliyotangulia.

Kikao ndicho nitakachokieleza. Kulikuwa na mtu anataka ule mpini, ekari 4 za barabarani, na bei yake ingelipa malimbikizo yote na kupunguza deni karibu nusu. Benki ilikuwa tayari kuridhia hati igawanywe kwa ajili hiyo. Ilihitajika saini ya Babu tu. Baba alitaka kuuza. Mimi nilitaka kuuza, na nilikuja na karatasi nyingine, maana sikuwa nimejifunza.

Mdogo wangu akasimama. Huyu ni mtu ambaye akiongea mbele ya wazee huwa anaangalia miguu yake.

"Hizo nne ndizo mlizoniahidi. Tofali nimeshachoma. Dada mlimpa shule, hajaombwa kurudisha. Mimi mlinipa jembe nikashika. Sasa mnauza na mahali pa kulisimamisha."

Baba akamwambia akae. Hakukaa. Baba akamwambia kwamba yeye kwa umri huo hakuahidiwa hata mti, na alinyamaza. "Ndiyo, ulinyamaza," mdogo wangu akajibu, "na ukaona mwisho wake." Nilidhani Baba atampiga. Badala yake alimgeukia Babu, na miaka 54, sasa 57, ikatoka yote kwa pamoja: kwamba angepewa sehemu yake mapema asingehitaji kukopa kwa hati ya mtu, kwamba mzee ameishika ardhi kama mtu anayeshika pumzi, kwamba hata sasa inazama na bado hataki kuachia kidole kimoja.

Babu alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akanitazama mimi, si Baba.

"Wewe ndiye uliyehesabu," akasema. "Mimi nilisema sijui kuhesabu. Ukisema niuze, utaniambia tena kwamba zitabaki ngapi, na mimi nitaamini tena. Sitaki kuamini tena."

Hakutia saini.

Nimeligeuza jambo hilo kila upande. Tungeuza nne tungebaki na kumi, labda. Labda zile kumi zingeendelea kuliwa na tarehe 5 ileile, polepole, na mdogo wangu angekuwa hana tofali wala ndugu. Nilimlaumu Babu mwaka mzima. Lakini mtu aliyekataa alikuwa ni mtu niliyemfundisha mwenyewe kutoniamini.

Kipindi kile cha notisi ya benki, siku 60 za kulipa la sivyo shamba liuzwe, nilikuwa nasoma usiku kwa sababu usingizi haukuja, na nikaangukia habari ya wakulima wa Marekani. Miaka ya 1970 bei ya nafaka ilipanda, thamani ya ardhi ikapanda nayo, na wakulima wakaweka mashamba ya babu zao rehani kununua matrekta na ardhi zaidi. Kisha Januari 1980 serikali yao ikazuia nafaka kuuzwa Urusi ya Kisovyeti, na riba, ambayo ndiyo ilikuwa inapanda, ikafika asilimia 21.5 Desemba ya mwaka huohuo, tena hiyo ni ya wateja bora wa benki. Kilichofuata ni minada, shamba baada ya shamba, ya watu waliokuwa na mashine za kuvuna kubwa kuliko nyumba yetu. Mwaka 1986 wakatunga sehemu mpya ya sheria ya kufilisika kwa ajili ya familia za wakulima peke yao, ikaruhusu mkulima kupangiwa malipo yanayofuata wakati anapovuna. Ilikuwa ya muda, ikaja kuwa ya kudumu 2005. Nilisoma sentensi ile ya malipo kufuata mavuno mara kadhaa. Kuna watu wazima waliokaa bungeni wakaiona tarehe 5.

Nikampigia Baba saa tano usiku kumweleza. Alikuwa macho. Alisikiliza yote, mashine, nafaka, asilimia.

"Kumbe hata wenye matrekta?" akauliza.

"Hata hao."

"Na wao walikuwa na binti mhasibu?"

Nilicheka. Ilikuwa mara ya kwanza kutaniana tangu kikao. Akasema nilale.

Kuhusu mnada sina mengi. Hukaa mtu akidhani kuna nyundo na kelele. Kulikuwa na dalali amevaa kofia, watu wapatao kumi na wawili, nusu yao majirani waliokuja kuona tutafanya nini. Ilichukua muda wa kunywa chai. Mnunuzi alikuwa kijana wa makamo yangu mwenye viatu safi. Baba alisimama wima wakati wote. Mdogo wangu hakuja. Alikuwa anahesabu tofali, alivyosema. Babu alikuja, akakaa juu ya jiwe, na watu walipoondoka alibaki amekaa, mpaka mfanyakazi wa mnunuzi alipomwuliza kwa heshima kama mzee anahitaji kusaidiwa.

Sasa wanaishi ng'ambo ya mto kwenye ekari moja na nusu ambayo Bibi aliachiwa na baba yake. Haikuwa kwenye hati yoyote, ndiyo maana ilisalimika, na katika mpango wangu sikuiandika kabisa kwa sababu haikuwa na karatasi. Babu amekuwa mgeni wa mkewe. Akitaka kukata mti anaomba. Bibi humjibu "nitafikiria". Mdogo wangu alivusha tofali zake kwa mkokoteni, safari baada ya safari, akajenga vyumba viwili. Baba amepata kipande cha robo ekari anachokipanda mboga, Bibi alimwonyesha mipaka yake kwa mguu, na mboga hizo huuza mwenyewe, kwa bei yake, bila kumwuliza mtu. Mara ya mwisho nilipokwenda alinipa fungu nirudi nalo mjini, akanitoza. Kidogo, lakini alinitoza, na aliihesabu ile chenji mara mbili. Mimi na mdogo wangu bado hatujakizungumzia kikao. Tunazungumzia tofali.

Basi, pampu. Yenyewe haikuwa kwenye rehani, ilibaki, imekaa kwa Bibi chini ya turubai tangu siku tulipohama. Jumapili yule mnunuzi alivuka mto kwenda kuwasalimia. Kijana mwenye adabu, mdogo wangu anasema, aliamkia kila mtu. Akasema ana mpango na zile ekari za chini, anataka kumwagilia, na amesikia kuna pampu. Mdogo wangu alitaka kumfukuza. Babu akasema ailete aione. Wakaitoa turubai, wakaipiga kamba, ikawaka mara ya tatu. Kijana akataja bei. Babu akakataa, akataja yake, wakavutana vizuri kabisa, Babu akimwelezea ile pampu kama anayeuza ng'ombe wa maziwa, mpaka wakafika kwenye bei nzuri kuliko yeyote alivyotegemea. Baba tayari alikuwa ameingia ndani kutafuta mfuko wa kuwekea pesa.

Ndipo kijana, akiwa ameshatoa pochi, akauliza tu kama anayeuliza habari za hali ya hewa: "Na mto huu, mzee, una maji mwaka mzima?"

"Unalala," Babu akasema.

Kijana akauliza unalala vipi. Babu akamweleza. Mwezi gani, mpaka wapi, kidimbwi kinabaki kwenye mzizi upi. Akamweleza na miaka ambayo unalala mapema. Kijana akasimama pale na pochi yake, akafikiri, akashukuru sana, akasema kwa hali hiyo atachukua kwa nusu bei, labda ya kukodisha shambani kwa wengine. Babu akasema sawa. Wakashikana mikono.

Alipovuka mto kurudi, Baba akalipuka. "Mzee! Si ungenyamaza tu! Kwa dakika moja! Ungengoja aihesabu ile pesa!"

"Aliuliza."

"Aliuliza! Hata mimi nimekuuliza mambo mangapi miaka yote hii hukunijibu!"

Mdogo wangu anasema walibishana mpaka giza likaingia, Baba akizunguka uani na ule mfuko mkononi, Babu kwenye kiti, na Bibi jikoni akiwaambia kama wanataka kupiga kelele wakapigie kwenye shamba lao.